Maswali Yenu: Setla, Kampeni na Hati ya Shamba

Toleo lililopita tuliweka hapa stori fupi ya David Crockett, yule Mmarekani wa porini aliyeanza kama mwindaji na mkulima wa kuhamahama akaishia kuwa mbunge, basi tangu siku hiyo simu ya ofisi haijapumzika. Kuna walioipenda, kuna walioniuliza kwa nini napoteza wino kwa mzungu aliyekufa zamani wakati nyanya sokoni hazishikiki. Maswali yaliyofanana nimeyaunganisha, na matusi nimeyaacha hukohuko yalikotoka. Tuanze.

Hivi huyo jamaa alikuwepo kweli au ni hadithi tu kama za sungura na fisi? Mi nimewahi kumwona kwenye katuni kavaa kofia ina mkia.
*Dereva wa bodaboda, Mbauda*

Alikuwepo kaka, mtu wa nyama na damu. Kazaliwa tarehe 17 Agosti 1786 huko ambako leo ni mashariki ya Tennessee, wakati huo hata hilo jimbo lenyewe bado, limekuja kuwa jimbo 1796. Hiyo kofia ya mkia wa rakuni, mnyama mdogo wa porini wa huko kwao, imekuzwa sana na watu wa maigizo na televisheni, usiichukulie kama ndo maisha yake.

Maisha yake yalikuwa madeni. Baba yake, mzee John, alijaribu kinu cha kusaga mafuriko yakaondoka nacho, akafungua nyumba ya kulala wageni njiani wanapopita watu wa mikokoteni, nayo haikumtoa. Dogo akiwa na miaka 12 akakodishwa kwa mtu mmoja mwenye ng'ombe, akaswaga ng'ombe kwa miguu mpaka Virginia, mwendo wa maili 400, na watu ambao hata hawajui. Akarudi, akapelekwa shule, siku ya nne au ya tano kagombana na mwenzake mkubwa kuliko yeye, akamvizia kichakani wakati wa kutoka akampiga, halafu akaanza kuogopa mwalimu, akawa anatoka nyumbani asubuhi kama anakwenda shule kumbe analala msituni mpaka jioni. Baba akajua, akakata fimbo, akamkimbiza, dogo akapotea jumla, miaka zaidi ya miwili yuko barabarani anafanya vibarua.

Siku aliyorudi, na hapa ndo napenda sana hii stori, hakusema kitu. Aliingia pale kwa baba yake kama mgeni yeyote anayetafuta pa kulala, akakaa mezani na wasafiri wengine, chakula kikaletwa, hakuna aliyemtambua kwa sababu alikuwa amekua, mpaka dada yake mkubwa akamkazia macho, akaruka akamkamata shingo. Fimbo ikasahauliwa. Lakini deni halikusahauliwa, baba alikuwa anadaiwa dola 36 na jirani mmoja, akamwambia kijana ukamfanyie kazi miezi sita hilo deni life, ukimaliza uko huru. Akafanya. Kisha akaenda kwa mzee mwingine wa dhehebu la Quaker kutafuta kazi, huyo naye akatoa karatasi, baba yako ananidai, samahani, mimi namdai baba yako dola 40. Kijana akapiga tena miezi sita, hakulazimishwa na mtu. Alipompelekea baba ile karatasi mzee akadhani ameletewa madai, akaanza kujitetea kwamba hana hela, dogo akamwambia imeshalipwa, chukua. Mzee akalia.

Mtu aliyekulia hivyo hata akija kuwa mheshimiwa, deni linamfuata kichwani, na mtaona huko mbele.

Mtu hajasoma, hana hela, hana ukoo mkubwa, aliingiaje kwenye siasa? Maana huku kwetu bila mfuko hata udiwani huupati.
*Mama mwenye duka, Kiboriloni*

Mama, aliingia kwa mlango wa chini kabisa. 1817 alihamia kaunti ya Lawrence, kusini ya Tennessee, sehemu mpya ambayo serikali haijafika vizuri na wahuni wamejaa, basi wenyeji wakakaa wakachagua watu wa kusuluhisha kesi ndogondogo, kitu kama baraza la kata letu hili, yeye akiwa mmojawapo. Kuandika kwenyewe kulikuwa kwa kubahatisha, hati za kukamata watu anamwambia konstebo ajaze mwenyewe, na alijisifu kwamba hukumu zake hakuna hata moja iliyokatiwa rufaa, ingawa hajawahi kusoma ukurasa wa kitabu cha sheria. Aliamua kwa akili ya kawaida, nani kaiba nguruwe, nani anadaiwa, lipa. Watu walimwamini kwa hilo.

Halafu ukaja uchaguzi wa kanali wa mgambo. Hii inachekesha. Kuna kapteni mmoja alitaka ukanali, akamfuata Crockett akamwambia gombea umeja chini yangu, tuko pamoja. Kapteni akaandaa siku ya kumenya mahindi shambani kwake, watu wamejaa, chakula, pombe, na Crockett na mke wake wameitwa. Wako pale ndo anasikia kwamba mtoto wa huyohuyo kapteni anagombea umeja dhidi yake. Yaani kaitwa apambe sherehe ya kumchinja mwenyewe. Akamfuata mzee, akasema sawa, kwa kuwa lazima nigombane na familia hii basi sitagombana na mtoto, nagombea ukanali wako. Akatangaza palepale kwenye mahindi ya mwenye shughuli. Baba akaanguka, mtoto naye akaanguka, mgeni akatoka kanali.

1821 ndo akagombea bunge la jimbo, akiwakilisha kaunti za Lawrence na Hickman. Sasa hapo ilibidi ahutubie na hajui hata serikali inafanyaje kazi, amesema mwenyewe kwamba hajawahi kusoma gazeti. Amesimama mbele ya watu, maneno yamegoma. Akawaambia yeye ni kama yule mtu aliyekutwa barabarani anapigapiga pipa tupu, alipoulizwa akasema juzi humu kulikuwa na kinywaji, naangalia kama kimebaki, basi na mimi juzi nilikuwa na hotuba ndani lakini naona haitoki. Watu wakacheka mpaka basi. Akaongeza stori mbili tatu, akasema koo limekauka, twendeni tukanywe, akaondoka na nusu ya mkutano kwenda kwenye pombe, mpinzani wake akabaki anamwaga sera kwa watu wachache.

Kuhusu mfuko, hakuwa nao lakini alikuwa na mifuko. Kampeni ya 1823 alitaka kushona koti la ngozi la kuwindia lenye mifuko miwili mikubwa, mmoja chupa ya pombe, mwingine tumbaku ya kutafuna. Hesabu yake ilikuwa hivi: ukimpa mtu kinywaji itabidi ateme tumbaku aliyonayo mdomoni ili anywe, kwa hiyo akishakunywa unamkatia kipande kingine cha tumbaku, mnaachana akiwa hajapungukiwa na kitu. Kwetu hiyo inaitwa takrima, na mnakumbuka sheria yetu ya uchaguzi iliiruhusu mpaka Mahakama Kuu ikaipiga chini mwaka 2006. Nawaambieni tu kwamba hata huko kwao ilikuwepo, sisemi ni sawa.

Umeandika sana kuhusu vichekesho. Bungeni alifanya nini cha maana?
*Mwanafunzi wa ushirika, Moshi*

Swali zuri, na jibu lake ni ardhi. Nusu ya unachohitaji kujua kuhusu huyu mtu kiko hapo.

Kwanza mapokezi. Makao makuu ya jimbo wakati huo yalikuwa mji wa Murfreesboro, na mbunge mmoja msomi, amevaa vizuri, alimtaja kwenye hotuba kama bwana wa kutoka matetani, yaani mshamba wa kule ambako mnalala na dubu. Crockett akadai amwombe radhi, jamaa hakuomba ya kueleweka. Baadaye Crockett akaokota lesi nyeupe ya kitambaa chembamba, ileile fasheni ya kuvaa kifuani kama ya huyo bwana, akaibana na pini kwenye shati lake la kazi la kukwaruza, akasubiri jamaa amalize kuongea, akasimama. Hakusema neno. Bunge zima likaangua kicheko, mheshimiwa akatoka nje. Tangu hapo jina la mtu wa matetani likawa sifa.

Hajakaa sawa kwenye kiti mwaka huohuo 1821, mafuriko yakapita kwake Shoal Creek yakabeba kila kitu, kinu cha kusaga, kinu cha baruti na mtambo wa pombe, vyote vya hela ya mke wake na mikopo. (Baba na mtoto, mto mmoja tabia moja.) Mke akamwambia lipa kila mtu mpaka senti ya mwisho halafu tutatafuta nyingine. Wakawapa wanaowadai mali yote, wakafungasha, wakaenda kuanza upya magharibi kabisa, mto Obion, ambako jirani wa karibu yuko maili saba na dubu wako mlangoni. Ni hukohuko 1823 akachaguliwa tena, eneo jipya, akimshinda daktari tajiri aliyeoa kwenye ukoo wa mke wa Andrew Jackson, jenerali aliyekuja kuwa rais.

Sasa hiyo ardhi. Magharibi ya Tennessee palikuwa pamejaa watu kama yeye, wamefyeka msitu, wamejenga kibanda cha magogo, wanalima mahindi, hati hawana. Wenye hati wako mbali, kwa sababu jimbo la North Carolina lilishagawa vibali vya ardhi kwa askari wake wa vita vya uhuru, vibali vikauzwa na kununuliwa na madalali, na mtu akija na karatasi yake iliyosainiwa zamani anapima palepale ulipokwisha kufyeka, kwa sababu nani anataka msitu wakati kuna shamba tayari? Unaondolewa na watoto. Crockett alipiga kelele kuhusu hili bunge la jimbo, kisha bunge la Marekani, mpaka wenzake wakachoka naye. Alitaka watu hao wamilikishwe walipo kwa bei nafuu. James Polk, huyu aliyekuja kuwa rais, alikuwa na mpango wa ardhi hiyo ipewe jimbo iuzwe hela iende kwenye elimu, na ukisikia hivi unasema safi, nani anapinga shule? Crockett alipinga. Hoja yake ni kwamba jimbo litauza bei juu, maskini atafukuzwa, na hela zitajenga vyuo ambavyo mtoto wa mtu wa matetani hatakanyaga. Kwa maoni yangu alikuwa sahihi, japo hakujua kupanga watu bungeni, hakujua kutoa kidogo apate kidogo. Ukweli mchungu ni kwamba katika miaka yake yote Washington hakupitisha muswada hata mmoja.

Nimeona alishindwa 1825 halafu akashinda 1827. Kulibadilika nini?
*Mwalimu mstaafu, Marangu*

Shikamoo mwalimu. Bei ilibadilika. 1825 aligombea bunge la Marekani dhidi ya mbunge aliyekuwa kwenye kiti, Adam Alexander, ambaye aliunga mkono ushuru wa forodha, na Crockett akawa anaupinga. Bahati mbaya mwaka huo pamba ikapanda, dola 25 kwa pauni 100, Alexander akazunguka anawaambia wakulima mnaona, ni ule ushuru wangu. Utabishana vipi na mtu ana hela mfukoni? 1827 pamba ikaanguka dola sita au nane, hadithi ya ushuru ikafa yenyewe. Wewe uliyelima kahawa huko Marangu sina haja ya kukueleza zaidi jinsi mkulima anavyopiga kura.

Na safari hiyo alikopeshwa hela ya kampeni na mfanyabiashara mmoja wa Memphis, jumla dola 250, alipofika Washington kitu cha kwanza akamlipa.

Kuna na kisa cha kanga, ndege, sio nguo. Wagombea watatu wanahutubia mkutano mmoja, Crockett kaanza na maneno machache, wa pili kaongea, wa tatu anamjibu yule wa pili tu kana kwamba Crockett hayupo. Katikati ya hotuba likaja kundi la kanga, kelele, mpaka ikabidi asimame awafukuze. Alipomaliza Crockett akamwendea akamwambia mbele za watu, hukuwa na adabu ya kunitaja, na rafiki zangu wadogo kanga walipokuja kuita Kroketi, Kroketi, Kroketi, ukawafukuza. Basi uchaguzi uliishia pale.

Mbona mnamsifia setla? Mimi ni Mmeru. Mwaka 1951 wazee wetu walitolewa Engare Nanyuki, nyumba zikachomwa, ili masetla wapate ranchi. Huyo Crockett wako alikuwa anakaa kwenye ardhi ya nani?
*Mzee wa King'ori*

Shikamoo baba. Hili swali ndo lilinifanya nisiandike safu hii haraka.

Kwa vijana ambao hawajui: Novemba 1951 serikali ya kikoloni iliwahamisha kwa nguvu watu karibu 3,000 kutoka Engare Nanyuki, upande wa kaskazini wa mlima Meru, ardhi igawiwe Wazungu wachache. Wameru wakachanga, na mwaka 1952 Kirilo Japhet akaenda New York kusimama Umoja wa Mataifa kudai. Ardhi haikurudi wakati ule lakini nchi nzima iliamka.

Sasa Crockett. Alikaa kwenye ardhi ya Wachickasaw, kabila la wenyeji wa asili, iliyochukuliwa kwa mkataba wa 1818 uliosimamiwa na Jackson. Kabla ya hapo 1813 alijiunga na jeshi la huyohuyo Jackson kupigana na Wacreek, kabila jingine la wenyeji. Alikuwepo Tallushatchee, kijiji kilichozingirwa asubuhi wakaua wanaume wapatao 186, na kuna nyumba moja watu 46 walikimbilia ndani ikachomwa moto nao humohumo. Amesimulia mwenyewe kwamba kesho yake, jeshi halina chakula, walirudi pale wakakuta chini ya nyumba iliyoungua kuna shimo la viazi, viazi vimeiva kwa ule moto, mafuta ya marehemu yameshuka juu yake. Wakala. Anasema njaa iliwalazimisha japo yeye angependa zaidi asile. Na aliwahi kumiliki watumwa, wachache, lakini wachache ni watu pia.

Kwa hiyo baba, alikuwa setla, na kilio chake chote cha hati kilikuwa cha maskini waliokaa juu ya ardhi ya watu wengine waliofukuzwa kabla yao. Hilo silifichi. Babu na bibi yake kwa upande wa baba waliuawa na Wahindi Wekundu mwaka 1777, alikua akisikia hayo, angeweza kuwa na chuki maisha yake yote na hakuna jirani ambaye angemshangaa.

Ndo maana kura yake ya 1830 inashangaza. Jackson, sasa rais, alileta sheria ya kuwahamisha Wacherokee na makabila mengine ya kusini kwenda ng'ambo ya Mississippi. Ilipita bunge la wawakilishi kwa kura 102 dhidi ya 97. Katika wabunge wote wa Tennessee aliyepiga hapana ni Crockett peke yake. Watu wake mwenyewe walitaka ile sheria, walimwambia itammaliza, akasema ni sheria mbaya isiyo na haki na dhamiri yake haimruhusu. 1831 akaangushwa. Wacherokee wakahamishwa 1838 hadi 1839, watu kama 16,000, na wapatao 4,000 wakafa.

Wengine watakuambia alipinga kwa sababu alishagombana na Jackson tu, na ni kweli walikuwa wamegombana, tena sababu mojawapo ni ile ardhi ya maskini. Mimi naona mtu anayetafuta faida angepiga ndiyo halafu aendelee kugombana na Jackson kwenye mambo mengine. Lakini kura moja hairudishi viazi vya Tallushatchee, na siwezi kukuambia baba umpende.

Hapa Tanganyika hatukuwahi kuwa na setla mkulima aliyegeuka mwanasiasa wa watu?
*Kijana wa Njiro*

Tulikuwa naye, Derek Bryceson. Kazaliwa China 1922, wazazi Waingereza, akawa rubani wa ndege za kivita Vita ya Pili, akatunguliwa, miguu ikaharibika akatembea na fimbo maisha yake yote. Akaja kulima huku Afrika Mashariki, na wakati masetla wengi wa hapa kaskazini wanaogopa hata kulisikia jina la TANU, yeye akasimama upande wa Nyerere. Baada ya uhuru akawa waziri, wizara anayokumbukwa nayo zaidi ni ya Kilimo.

Kubwa kwangu ni 1965. Uchaguzi wa kwanza wa chama kimoja, karibu kila jimbo wagombea wawili, alama ni jembe na nyumba, na yeye mzungu akasimama Kinondoni ambako wapiga kura karibu wote ni Waafrika, akashinda kwa mbali sana. Baadaye akawa mkurugenzi wa Hifadhi za Taifa, akamwoa Jane Goodall wa sokwe wa Gombe mwaka 1975, akafariki kwa kansa 1980. Tofauti yake na Crockett ni kwamba huyu alikuwa na shule, na alikubali nchi ni ya wenyewe.

Alikufaje?
*Wengi*

Uchaguzi wa 1835 alishindwa kwa kura 252 na mwanasheria mwenye mguu wa mti. Alikuwa amewaambia wapiga kura wakimchagua huyo, wao waende motoni na yeye ataenda Texas. Akaenda kweli. Texas ilikuwa ya Mexico na walowezi wa Kimarekani wameasi, na aliyejitolea kupigana aliahidiwa ardhi. Januari 1836 aliandika barua nyumbani kwa furaha, nchi nzuri ajabu, anategemea kupata utajiri na kushiriki kuandika katiba. Tarehe 6 Machi 1836 jeshi la Jenerali Santa Anna likaivunja ngome ya Alamo na akafa humo, umri 49. Kama alikufa akipigana au alikamatwa akauawa baadaye, wanahistoria bado wanashikana mashati, kuna ofisa wa Mexico aliandika kwamba alikamatwa. Mimi hilo halininyimi usingizi, kafa kafa.

Huyo baba yuko kuwinda, yuko kampeni, yuko Washington, yuko Texas. Watoto walikuwa wanakula nini?
*Mama muuza mitumba, soko la Kilombero*

Dada umenichekesha lakini umegonga penyewe. Mke wa kwanza, Polly, alifariki 1815 akamwachia watoto watatu. Akamwoa Elizabeth Patton, mjane ambaye mume wake alikufa kwenye hiyohiyo vita ya Wacreek, ana watoto wawili wake, wakazaa watatu wengine, jumla nane. Elizabeth alikuja na hela zake, kama dola 800, ambayo ilikuwa kubwa, na kichwa cha biashara. Shamba aliendesha yeye, kinu kilipokuwepo aliendesha yeye. Mume anajisifu kaua dubu 105 kwa muda usiofika mwaka, sawa, nyama ipo, lakini aliingia pia biashara ya mbao za mapipa, akapakia maboti kwenda New Orleans na hajui kuyaongoza, yakazama Mississippi yeye akiwa ndani, akavutwa kupitia kidirisha kidogo ngozi ikabaki mbaoni. Mbao 30,000 zikaenda na maji, na huko nyumbani Elizabeth bado ana watu nane wa kulisha.

Mtoto mkubwa wa Polly, John Wesley, aliingia bungeni 1837 kwenye kiti kilekile cha baba, na 1841 akapitisha sheria ya ardhi ya wale watu wa magharibi ya Tennessee, imerekebishwa lakini ni ileile ya mzee. Na ile ardhi ya Texas waliyoahidiwa waliojitolea? Elizabeth mwenyewe aliifuata, alihamia huko miaka ya 1850 na watoto, akapewa, akaishi hapo mpaka alipofariki 1860. Kwa hiyo aliyeshika shamba lenye karatasi mwisho wa yote ni yeye.

Maswali ya toleo lijalo tumeni mapema, na tafadhali sauti za WhatsApp zisizidi dakika mbili, kuna mzee mmoja wa Sanya Juu alituma dakika kumi na saba na swali liko mwishoni kabisa.